Kijiji chenye meya, kisicho na kaya: siku tano Fleury na majirani zake

Siku ya kwanza: Metz hadi Verdun

Agosti 2022 nilikuwa karani wa sensa. Nilipita nyumba kwa nyumba katika kijiji kimoja cha mkoani Kigoma, kishikwambi mkononi, nikiuliza swali lile lile: nani alilala hapa usiku wa kuamkia tarehe 23? Aliyelala hapa anahesabiwa hapa. Aliyesafiri atahesabiwa huko alikolala. Tangu siku zile siwezi tena kusoma jedwali la idadi ya watu kama tarakimu tupu. Kila safu naiona na mlango wake, mbwa wake, na mama anayenifutia kigoda kwa ncha ya khanga.

Ndiyo maana nilishtuka siku nilipokuwa napitia idadi ya watu wa mkoa wa Meuse, mashariki mwa Ufaransa, nikakuta mstari huu: Fleury-devant-Douaumont, wakazi 0. Nilidhani ni kosa la uchapaji. Nikaendelea kusoma, nikakuta na wenzake: Beaumont, Bezonvaux, Cumières, Haumont, Louvemont. Vijiji sita vyenye jina, mipaka na meya, na kila kimoja kina sifuri mbele yake. Karani anayerudisha sifuri kwa kijiji kizima kwetu angeitwa ofisini kujieleza.

Dada yangu mkubwa anaishi Metz na familia yake. Nilipokuja kumtembelea, nikamwomba siku tano twende huko. Alininyamazia kidogo, akasema, "Haya mdogo wangu, twende. Miaka yote hii naishi karibu na hapo na sijawahi kufika." Yeye Kifaransa ndiyo lugha yake ya kazi, mimi nina cha kuombea maji, kwa hiyo katika safari hii yote aliyetafsiri ni yeye.

Barabara kuu ya Metz kwenda Verdun ni mwendo wa saa moja hivi. Mashamba makubwa, vilima vya chini, ukungu wa Oktoba umelala bondeni. Verdun yenyewe ni mji mdogo uliokaa pande mbili za mto Meuse. Tulifika jioni, tukatembea ukingoni, dada akanunua pakiti ya *dragées*, lozi zilizovikwa sukari ngumu, ambazo mji huu unazitengeneza tangu mwaka 1220. Huku wanazigawa kwenye harusi na ubatizo. Ukiuma moja inapasuka kama kokoto, kisha ndani inakuwa laini. Sitaandika zaidi kuhusu mji leo. Hatukuja kwa ajili yake.

Siku ya pili: Fleury

Kutoka Verdun unapanda kilimani kilomita chache tu kwa gari, msitu unakufunga pande zote, na ghafla kuna kibao cha barabarani chenye jina la kijiji, kama kijiji kingine chochote cha Ufaransa. Fleury-devant-Douaumont. Unapunguza mwendo kwa mazoea, ukisubiri nyumba ya kwanza. Haiji.

Tuliegesha gari, tukaingia kwa miguu. Ardhi ya Fleury sijui niieleze vipi kwa mtu ambaye hajaiona. Haina hata hatua tatu zilizo sawa. Ni mabonde na vichuguu vilivyobanana, shimo linagusa shimo, vyote vimefunikwa majani mabichi na kuvu la kijani, laini kama zulia. Nilichuchumaa kwenye ukingo wa shimo moja nikaweka kiganja. Majani yamelowa umande, chini yake udongo baridi. Miaka zaidi ya mia imepita na bado umbo la kombora limo ardhini kama alama ya kidole kwenye unga uliokandwa.

Na katikati ya mashimo hayo kuna vijia, na kandokando ya vijia kuna vinguzo vifupi. Kila kimoja kina neno moja au mawili. Dada alinisomea: mwoka mikate. Mhunzi. Mfuma nguo. Duka la vyakula. Shule. Shamba la fulani. Pale palipoandikwa shule pana shimo refu kuliko mimi, na mti umeota ndani yake.

Kabla ya Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia Fleury ilikuwa na watu 422. Walikuwa wakulima, na wengine waliishi kwa kazi ya mbao. Nilisimama pale nikafanya hesabu niliyoizoea: watu 422, ni kaya mia moja na kidogo, eneo la kuhesabia la karani mmoja. Yaani kijiji hiki chote kingekuwa changu. Ningekijua mlango kwa mlango kwa siku saba, ningejua bibi gani ana masikio mazito na mzee gani hukataa kutaja umri.

Tarehe 21 Februari 1916, asubuhi, mizinga ya Wajerumani ilianza kunguruma kuelekea Verdun. Ilikuwa majira ya baridi kali. Watu wa Fleury waliamriwa kuhama siku hiyo hiyo. Niliwahi kuona watu wakihamishwa kwa haraka; Kigoma imepokea wakimbizi kutoka Burundi na Kongo tangu nikiwa mtoto, nami nimewaona wakishuka na godoro, sufuria na kuku. Najua kwamba mtu anayeondoka hivyo anafunga mlango kwa ufunguo. Anauweka ufunguo mahali salama, kwa sababu anarudi wiki ijayo.

Vita vya Verdun vilidumu siku 300, hadi 18 Desemba 1916. Waliokufa pande zote mbili ni karibu laki tatu. Fleury ilikuwa kwenye mgongo wa kilima, na kutoka hapo unaiona njia ya kushuka Verdun, ndiyo sababu kila upande uliitaka. Usiku wa kuamkia 23 Juni, Wajerumani walirusha makombora ya gesi ya sumu, kisha wakapanda na kuingia kijijini. Wafaransa wakarudi. Wajerumani wakarudi. Kati ya Juni na Agosti kijiji kilibadilisha mikono mara kumi na sita. Mara kumi na sita! Kufikia mwisho hakuna kilichokuwa kinapiganiwa: si ukuta, si kisima, ni rangi nyeupe ya mawe yaliyosagwa iliyoonyesha kwamba hapa palikuwa na nyumba. Walioichukua kwa mara ya mwisho, tarehe 18 Agosti, walikuwa kikosi cha askari wa makoloni cha Morocco, wale waliojulikana kwa herufi RICM.

Tulikaa kwenye jiwe karibu na kanisa. Kanisa dogo lililopo sasa limejengwa mahali pale pale palipokuwa na kanisa la kijiji, na ndilo jengo pekee lililosimama kati ya mashimo haya. Dada alifungua chupa ya chai, akanimiminia, akauliza lile ambalo nami nilikuwa naliuliza kimya: "Kwa nini hawakurudi kujenga?"

Jibu lipo chini ya miguu. Katika vita hivyo yalirushwa makombora yanayokadiriwa kufikia milioni 60 kwenye eneo dogo mno. Mengi hayakulipuka. Udongo ulijaa vyuma, sumu, na miili ya watu. Baada ya vita serikali ilichora ramani, ikatia rangi nyekundu kwenye sehemu ambazo kulima au kujenga kungegharimu kuliko thamani yake, na sehemu hizo zikaitwa Eneo Jekundu. Wenye mashamba wakalipwa fidia, serikali ikachukua ardhi na kupanda misonobari. Msitu tuliopita asubuhi, ulionipendeza kwa utulivu wake, umepandwa na watu juu ya vijiji. Hata leo kuna vibao vinavyokataza kutoka nje ya njia, na wataalamu wa kutegua mabomu bado wana kazi.

Lakini hapa ndipo Wafaransa walipofanya jambo lililonileta kutoka mbali. Wangeweza kukifuta kijiji. Kisheria ilikuwa rahisi: hakuna watu, gawa ardhi kwa majirani, ondoa jina. Mwaka 1919 ikapitishwa sheria ya kuvibakiza vijiji vya namna hii, kila kimoja kiwe na kamati ya watu watatu wanaoteuliwa na mkuu wa mkoa kwa sababu hakuna wapiga kura wa kuwachagua, na mwenyekiti wa kamati hiyo awe na mamlaka ya meya. Vijiji vikapewa heshima ile ile wanayopewa askari waliouawa vitani: kilikufa kwa ajili ya Ufaransa. Vilikuwa tisa kuzunguka Verdun. Vitatu, yaani Douaumont, Vaux na Ornes, vilipata watu tena baadaye, wachache. Sita vimebaki na sifuri.

Kazi ya meya wa mahali pasipo na mtu ni ipi? Hana taka za kuzoa wala ndoa za kufungisha. Anatunza kanisa, vijia, vinguzo, na mnara wa kumbukumbu. Anaandaa ibada ya kila mwaka ambayo wajukuu na vitukuu wa watu 422 huja. Anapigania jina lisitoke kwenye ramani. Nami nasema hii ni kazi kamili ya meya.

Siku ya tatu: mifupa na majina

Asubuhi tulianza na jumba la makumbusho ya Verdun, lililofunguliwa 1967 na kufanyiwa ukarabati mkubwa kwa ajili ya miaka mia ya vita. Limesimama mahali ilipokuwa stesheni ya reli ya Fleury. Watu wengi wanaoingia humo kwa tiketi hawajui kwamba wamo ndani ya kijiji. Mwaka 2013, jirani na hapo, ilionekana mifupa ikichomoza ardhini wakati wa kazi za ujenzi. Walipochimba wakakuta askari 26 wa Kifaransa, na baadhi yao walitambuliwa kwa vibati vya majina walivyovaa. Miaka 97 chini ya Fleury, kisha mtu anapata tena jina lake.

Kutoka hapo ni mwendo mfupi hadi Douaumont, kwenye jengo la mifupa. Ni ukumbi mrefu wa mita 137, mnara wa mita 46 katikati. Liliwekwa jiwe la msingi 1920 na kuzinduliwa 1932. Ndani ni giza lenye rangi ya machungwa kwa sababu ya vioo, na kila jeneza la mawe linawakilisha sehemu moja ya uwanja wa vita, mifupa ikapangwa kufuatana na mahali ilipookotwa. Ni mabaki ya askari 130,000 wasiojulikana, Wafaransa na Wajerumani pamoja, kwa kuwa hakuna aliyeweza kuwatenganisha.

Nje, nyuma ya jengo, kuna vidirisha vidogo usawa wa goti. Lazima uiname. Niliinama. Mifupa ya mapaja imepangwa kama kuni, mafuvu yamelundikana, moja limegeukia kioo na meno yake ya juu yote yapo, meupe, ya kijana. Dada alikuwa ameinama dirisha la pili. Tuliinuka pamoja bila kusema kitu, akanishika mkono kama alivyokuwa akinishika tukivuka barabara ya kwenda shule.

Mbele ya jengo kuna makaburi zaidi ya 16,000 ya Wafaransa waliotambuliwa. Misalaba meupe mstari kwa mstari, na upande mmoja makaburi 592 ya Waislamu, mawe yake yameelekezwa Makka, yana maandishi ya Kiarabu. Tulipita mstari mzima tukisoma. Watu wa Algeria, Tunisia, Morocco, Senegal na nchi za jirani zake. Dada alitandaza viganja, tukawasomea Fatiha, wale tunaosoma majina yao na wale wa ng'ambo ya kioo.

Mchana tukaingia ngome ya Douaumont. Ni korido za saruji zinazotiririka maji, matone yameunda vijiti vya chokaa darini. Wajerumani waliiteka 25 Februari 1916, siku nne tu baada ya vita kuanza. Tarehe 8 Mei mlipuko wa ndani uliua mamia ya askari wao, wakazikwa humo humo nyuma ya ukuta. Iliporudishwa mikononi mwa Wafaransa, tarehe 24 Oktoba, waliokuwa mbele ni RICM wale wale wa Fleury, wakiwa na kikosi cha Wasenegali na kampuni mbili za Wasomali. Wasomali, kutoka pwani ya Djibouti! Watu wa bahari yetu ya Hindi na joto lake, wakipanda kilima cha matope ya Ulaya mwishoni mwa Oktoba. Sikuwa nimewahi kulisikia darasani.

Mwaka ule ule wa 1916, Waingereza waliingia Dar es Salaam mwezi Septemba. Vita ile ile, upande wetu. Kariakoo, soko ambalo kila Mtanzania analitaja, jina lake limetokana na Carrier Corps, jeshi la wapagazi waliobebeshwa risasi na chakula kwa miguu kutoka pwani hadi bara. Walikufa kwa makumi ya maelfu, wengi kwa homa, kuhara na njaa. Sanamu ya Askari ipo katikati ya Dar es Salaam tangu 1927, nimepita chini yake mara nyingi, lakini haina jina hata moja la mtu. Na vijiji walikotolewa wale wapagazi, vingapi vilibaki bila vijana wa kulima? Hakuna aliyeweka vinguzo. Usiku huu hotelini nimelifikiria hilo zaidi ya mifupa.

Siku ya nne: Bezonvaux na Ornes

Mvua tangu alfajiri. Bezonvaux upo chini ya kilima, ndani kabisa ya msitu. Sifuri nyingine. Kuna kanisa dogo, kijito kinapita, na vibao vinavyoonyesha nyumba zilipokuwa. Hatukukaa sana, kulikuwa sisi wawili tu na maji yakidondoka kutoka kwenye majani. Kinachotofautisha hapa na Fleury ni mawe. Fleury imesagwa kabisa. Bezonvaux bado unaona pembe ya msingi, mawe matatu yaliyopangwa na fundi, kuvu limeyashika vizuri kama saruji.

Ornes ndicho kilikuwa kikubwa kuliko vyote tisa, na kuta za kanisa lake bado zimesimama bila paa, matao wazi, mvua inaingia moja kwa moja madhabahuni. Lakini hapa kuna watu! Wachache mno, hawafiki kumi, ila wapo. Tuliona nyumba yenye pazia, na kuni zimepangwa chini ya bati. Nilihisi furaha ambayo sikuitegemea. Dada alinitazama akatabasamu, "Ungekuwa na kishikwambi chako hapa ungegonga mlango." Ningegonga. Ningeuliza nani alilala hapa jana, wangenijibu, na ningetoka na namba isiyo sifuri.

Siku ya tano: tunarudi Fleury

Tulipaswa kwenda moja kwa moja Metz, lakini nilimwomba dada tupite tena. Mvua ilikuwa imekata. Ukungu ulikuwa ukipanda kutoka kwenye mashimo, kila shimo na wake, na kwa mbali ilifanana na moshi wa asubuhi kijijini, jiko kwa jiko.

Nilichukua daftari nikapita kijia kwa kijia, nikaandika kila kinguzo kama orodha ya kaya. Ilinichukua muda. Katika sensa tulianza na vibao vya anwani za makazi vilivyopigiliwa milangoni. Hapa kibao ndicho kilichobaki, mlango haupo. Nilipofika kwa mfuma nguo nilijikuta nimesimama pembeni kidogo, mahali ambapo mgeni husimama akisubiri akaribishwe.

Kulikuwa na mzee mmoja anafyeka majani kwa mashine ya kubeba begani. Alipotuona aliizima, akavua kinga ya masikio. Alimwambia dada kwamba yeye anatoka kijiji cha bondeni na huja hapa kufyeka, kwa sababu majani yakiachwa msimu mmoja tu, njia inapotea. Akauliza tunatoka wapi. Dada akamweleza kuhusu mimi, Kigoma, ziwa, sensa.

Mzee alisikiliza kwa makini. Kisha akaniuliza mimi, taratibu, ili nielewe Kifaransa chake: kijiji nilichohesabu kilikuwa na watu wangapi?

Nilimwambia eneo langu lilikuwa na kaya 96. Watu 511, na mtoto mmoja aliyezaliwa usiku ule ule kabla ya saa sita, ambaye mama yake alisisitiza nimwandike hata kama jina bado.

"Mkamwandika?" akauliza.

Nikamjibu ndiyo.

Akatikisa kichwa kwa kuridhika, akatupa mkono, akavaa tena kinga ya masikio. Mashine ikawaka. Tulipokuwa tunaondoka alikuwa anafyeka kutoka kwa mwoka mikate kwenda shuleni.